Kikombe cha Moto Kiliposhindwa: Historia ya Sayansi Jukwaani

Kikombe cha maji ya moto kilishindwa. Tulikuwa nyuma ya duka la mama mmoja wa Sinza, Dar es Salaam, anayeuza barafu za ubuyu na ukwaju, wanafunzi saba wa kidato cha tatu na mimi, tumeinamia friza lake kama watu wanaochungulia kisima. Vikombe viwili vya bati vilikuwa humo tangu saa nane mchana. Kimoja tulikitia maji ya bomba, kingine maji yaliyotoka kuchemka. Ilipofika saa tisa na nusu, cha maji ya bomba kilikuwa na utando wa barafu, ukiugonga kwa ukucha unaitika. Cha maji ya moto kilikuwa na maji matupu, ya baridi tu.

Tulikuwa tukiandaa mchezo wa kuigiza kuhusu Erasto Mpemba, yule mwanafunzi wa Tanganyika aliyeona kwamba maji ya moto yanaweza kuganda kabla ya yale ya baridi. Binti tuliyempa nafasi ya Mpemba akanigeukia. "Mwalimu, kwa hiyo mchezo wetu umekufa?"

"Na barafu zangu je?" mama akadakia. Akatuonesha vifuko vya ubuyu vilivyokuwa vimepakana na kikombe cha moto: vilishalainika. "Ndiyo maana mimi ubuyu wangu naupooza kwanza ndiyo naugandisha. Mngeniuliza."

Tulimlipa vifuko vyake na tukavila palepale. Lakini swali la yule binti sikulijibu siku ile. Nimelibeba miezi kadhaa, na kila nikilizungusha naona kwamba ndani yake mna karibu kila kitu kinachowatatiza watu wanapotaka kuileta historia ya sayansi na teknolojia jukwaani. Jaribio likigoma mbele ya watu, tunaigiza nini? Tukilisaidia kidogo ili litii, bado ni historia? Na kama ukweli wenyewe wanasayansi hawajakubaliana, mtunzi afanyeje?

Maigizo ya sayansi shuleni wengi tumeyaona. Mwanafunzi anatoka na koti jeupe na ndevu za pamba, anasimama wima, anasema: mimi ni Galileo Galilei, nilizaliwa Pisa mwaka 1564, nilitengeneza darubini, nikaona miezi minne ya sayari ya Mshtarii. Anainama, wanapiga makofi, anafuata mwingine. Yote aliyosema ni kweli, ila hakuna kilichoigizwa. Kilichofanyika ni kusoma ukurasa wa kitabu kwa ndevu. Mtazamaji alijua tangu mwanzo kwamba Galileo alikuwa sahihi, na mwigizaji naye alijua, basi hapakuwa na cha kusubiri.

Jukwaa lina uwezo mmoja ambao kitabu cha kiada hakina: linaweza kumrudisha mtu kwenye saa ile ambayo jibu lilikuwa bado halijapatikana. Kitabu kimeandikwa na watu wanaojua mwisho wa safari, kwa hiyo njia yote kinaiona imenyooka. Mwigizaji mzuri anasahau mwisho. Anaingia akiwa hajui, na kutojua kwake kunatuambukiza sisi tuliokaa kwenye mabenchi. Kwangu mimi hiyo ndiyo sababu ya kuhangaika na maleba na mazoezi. Mtu anayetaka tarehe na majina tu, kitabu kinamtosha na ni cha bei rahisi.

Kisa cha Mpemba kinafaa kuliko vyote ninavyovijua, kwa sababu kimejaa kutojua mwanzo hadi mwisho, na ni cha kwetu. Mwaka 1963, katika Tanganyika ya wakati huo, Mpemba alikuwa kidato cha tatu katika Shule ya Sekondari Magamba. Wanafunzi walikuwa wakijitengenezea aiskrimu: wanachemsha maziwa, wanatia sukari, wanasubiri yapoe, kisha wanayaweka kwenye friji la shule. Nafasi zilikuwa chache na kila mtu anaikimbilia yake. Siku moja mwenzake aliona atachelewa, akaweka maziwa bila kuyachemsha. Mpemba akaona akisubiri yake yapoe atakosa nafasi, akayaweka yakiwa ya moto vilevile, akijua kwamba anahatarisha friji. Baada ya saa moja na nusu walirudi kuangalia. Ya Mpemba yalikuwa yameganda, ya mwenzake yalikuwa bado uji mzito.

Akamwuliza mwalimu wa fizikia. Akajibiwa kwamba amejichanganya, kitu kama hicho hakiwezekani. Akanyamaza. Baadaye alikutana na rafiki yake aliyekuwa akiuza aiskrimu Tanga mjini, naye akamwambia kwamba wao huweka mchanganyiko ukiwa wa moto ili ugande upesi, na wauzaji wengine wa pale walifanya hivyohivyo. Akafaulu, akaenda Mkwawa, Iringa, na huko somo la kupoa kwa vitu lilipofika akauliza tena. Mwalimu akabishana naye, mwishowe akasema anachoweza kusema ni kwamba hiyo ni fizikia ya Mpemba, siyo fizikia ya ulimwengu wote. Tangu hapo kila Mpemba alipokosea hesabu, darasa zima lilimwambia hiyo ni hisabati ya Mpemba.

Halafu kuna tukio fupi ambalo mimi ningelijengea onesho zima. Siku moja anakuta maabara ya baiolojia iko wazi, hamna mwalimu. Anaingia peke yake. Anachukua bika mbili ndogo, moja anaitia maji ya bomba, nyingine maji ya moto, anaziweka kwenye friji la maabara. Baada ya saa moja anakuta barafu zaidi kwenye ile ya moto, lakini haikutosha kumwaminisha mtu. Hakuna maneno hapo. Kuna kijana, mlango ulioachwa wazi, vyombo viwili, na saa nzima ya kusubiri. Waigizaji wangu wanaliogopa tukio hilo kwa sababu halina mistari ya kukariri. Nami ninawaambia kwamba humo ndimo sayansi ilimo.

Kisha akaja Denis Osborne, profesa wa fizikia kutoka Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kama kilivyokuwa wakati huo, chuo kishiriki. Baada ya mhadhara wanafunzi wakaruhusiwa kuuliza. Mpemba akasimama: ukichukua vyombo viwili vyenye maji sawa, kimoja cha nyuzi 35 na kingine cha nyuzi 100, ukaviweka kwenye friji, kile cha nyuzi 100 kinaganda kwanza; kwa nini? Wenzake wakacheka, wengine wakamwambia amewaaibisha. Osborne naye aliamini kijana amekosea, lakini aliahidi kwenda kulijaribu, na aliporudi Dar es Salaam akalijaribu kweli. Fundi wa maabara aliyepewa kazi hiyo akaja na taarifa kwamba maji yaliyoanza moto yameganda kwanza, akaongeza: lakini tutaendelea kurudia jaribio mpaka tupate jibu sahihi.

Mstari huo haukutungwa na mwandishi wa tamthilia. Umo kwenye makala ya kisayansi ambayo Mpemba na Osborne waliitoa pamoja mwaka 1969. Kila ninapousoma naona mtu aliyesimama kati ya macho yake na mafundisho yake, na amechagua mafundisho. Makala inamnukuu lakini haimtaji jina. Nitarudi kwa huyu fundi.

Sasa mbona vikombe vya Sinza vilikataa? Hapa inabidi tuingie kwenye fizikia kidogo, maana anayeigiza asichokielewa ataigiza uongo bila kukusudia. Osborne alitumia maji ya sentimita za ujazo 70 katika bika za 100, akaziweka juu ya kipande cha sponji ngumu ili baridi isipite chini. Katika hali hiyo, maji yaliyochelewa zaidi kuanza kuganda yalikuwa yale ya nyuzi kama 25, na yale ya karibu nyuzi 90 yaliwahi sana. Alipomimina utando wa mafuta juu ya maji, kuganda kulichelewa kwa masaa, ishara kwamba joto lilikuwa likitokea juu.

Tangu hapo sababu zimependekezwa nyingi. Maji ya moto hutoa mvuke mwingi, kwa hiyo yanayobaki ni machache. Kuchemsha hufukuza hewa iliyoyeyuka ndani yake. Maji ya moto huzunguka kwa nguvu, ya juu yakishuka na ya chini yakipanda. Chombo cha moto kikiwekwa juu ya theluji nyembamba iliyojijenga ndani ya friza, huiyeyusha, kitako kikagusa chuma chenyewe na kikapata baridi zaidi. Tena maji yanaweza kushuka chini ya nyuzi sifuri bila kuganda, yakasubiri kama mtu aliyeshika pumzi. Na neno lenyewe "kuganda" lina utata: ni kipande cha kwanza cha barafu kutokea, au chombo kizima kuwa jiwe?

Mwaka 2016 watafiti Burridge na Linden wa Uingereza walipima muda wa maji kushuka mpaka nyuzi sifuri, wakasema hawakupata ushahidi wowote wa maana kwamba ya moto huwahi, na kwamba kukiweka kipimajoto juu au chini kwa sentimita moja tu kunaweza kukudanganya. Mwaka 2020 Kumar na Bechhoefer wa Kanada wakaonesha, kwa punje ndogo sana iliyosukumwa kwa mwanga wa leza ndani ya maji, kwamba mfumo ulioanza na joto kubwa unaweza kweli kupoa haraka kuliko ulioanza na dogo. Kwa hiyo jambo la jumla linawezekana, na kikombe chako cha bati bado kinaweza kukuaibisha. Ndivyo tulivyo hadi leo, na jina la kijana wa Magamba liko katikati ya mjadala.

Watu wanaposema kuigiza historia ya sayansi, mara nyingi wanachanganya kazi tatu, na kila moja ina wajibu wake kwa ukweli. Kuna tamthilia, ambayo inahusu watu: nani alimcheka nani, nani alinyamaza. Kuna kuonesha jaribio, ambako kitu chenyewe ndicho mwigizaji, kama Michael Faraday na wenzake walivyofanya London kwenye mihadhara ya Krismasi iliyoanza mwaka 1825. Na kuna kuirudia kazi ya kale kwa mikono ili kujua ilifanywaje, jambo ambalo wanahistoria wanalitumia kama utafiti kamili.

Hii ya tatu ndiyo inayosahaulika, na mfano wake bora hauko Ulaya. Uko Buhaya, magharibi ya Ziwa Victoria. Mwanaakiolojia Peter Schmidt alikuwa amechimba huko matanuri ya chuma yenye umri wa kati ya miaka 1,500 na 2,000. Mashimo yalikuwepo, mavi ya chuma, yaani takataka zinazobaki chuma kikiyeyushwa, yalikuwepo, vipande vya mabomba ya udongo ya kupulizia hewa vilikuwepo, lakini vitu hivyo havisemi. Mwaka 1976 yeye na Donald Avery, mtaalamu wa metali, wakawaomba wazee wa Kihaya waliowahi kuyeyusha chuma ujanani waifanye kazi hiyo tena. Uhunzi wa kuyeyusha ulikuwa umekufa miongo mingi nyuma, chuma cha bei rahisi kutoka Ulaya kilipojaa sokoni. Wazee wakajenga tanuri kwa udongo wa kichuguu na mavi ya chuma ya zamani, wakachoma majani ya kinamasi shimoni, wakapanga mkaa na mawe yenye chuma, wakashika mivukuto.

Na wakaimba. Nyimbo zile hazikuwa pambo. Watu wengi wakivukuta pamoja kwa masaa wanahitaji mapigo, na wimbo ndio saa na ndio kipimo. Kulikuwa pia na miiko, na tanuri lenyewe lilisemwa kama mwili wa mwanamke anayebeba mimba ya chuma. Mtu akiitazama kazi ile kwa mbali angesema anaona ngoma, angekaribia aone kiwanda, na angekuwa sahihi mara zote mbili. Kwao sanaa na teknolojia hazikuwa zimetengana hata zihitaji mtu wa kuziunganisha.

Schmidt na Avery wakaandika mwaka 1978 kwamba kilichotoka kilikuwa na pua ndani yake, yaani chuma chenye kaboni, na kwamba siri ilikuwa mabomba ya udongo yaliyoingizwa mbali ndani ya tanuri, hewa ikapashwa moto kabla haijaukuta mkaa. Wataalamu wengine wa metali walipinga, wakisema hewa haikai kule bombani kiasi cha kupata joto la maana. Wengine wakauliza swali ambalo kila mwigizaji wa historia ajiulize: kumbukumbu ya wazee wa karne ya 20 ni shahidi wa kutosha wa mhunzi wa miaka 1,500 iliyopita? Schmidt alilinganisha mavi ya chuma mapya na ya kale ili kujibu. Mimi naona ubishi huo hauipunguzii kazi ile thamani hata chembe. Bila wazee kushika mivukuto, hakuna ambaye angejua hata aulize nini kuhusu hewa na bomba.

Jambo kama hilo lilitokea Ujerumani miaka ya 1990, mwanahistoria wa sayansi Otto Sibum aliporudia jaribio la James Joule wa Manchester la kupasha maji moto kwa kuyakoroga kwa mapanga kama ya feni yanayovutwa na uzito unaoshuka. Kwenye karatasi ni jaribio rahisi. Sibum alipolifanya, joto la mwili wake mwenyewe chumbani lilikuwa likiharibu vipimo. Ndipo ikaeleweka kwamba Joule, mtoto wa familia ya watengeneza bia, alikuwa na ustadi wa kipimajoto alioupata kwenye kiwanda cha nyumbani. Makala ya Joule haikufundishi hivyo. Mwili ulifundisha.

Nikirudi Dar es Salaam, nashangaa tunavyoazima umbo la kuigizia kutoka mbali wakati yetu yako kwenye mtaala wa Kiswahili kila mwaka. Ngonjera, ambayo Mathias Mnyampala aliisambaza nchi nzima, ni pande mbili zinazobishana kwa mizani mpaka upande mmoja ukubali. Hebu fikiri ubishi wa Mpemba na mwalimu wake ukiwa ngonjera. Kazi iliyobaki ni moja, nayo ni ngumu: ngonjera imezoea kuishia kwenye maafikiano, na sayansi wakati mwingine inakataa kuafikiana. Tuliijaribu hivyo, tukaacha beti za mwisho bila mshindi, na wanafunzi walilalamika kwamba inawaacha wananing'inia. Niliwaambia waning'inie. Majigambo nayo, mtu kusimama na kujitapa kwa matendo yake, yanamfaa mhunzi wa Buhaya kuliko maelezo yoyote ya ukutani. Na mtambaji anayejua kunyamaza kabla ya kusema "basi" anaweza kuishika hadhira ikimsubiri mtu mmoja anayesubiri friji.

Lugha nayo. Mpemba alifundishwa fizikia kwa Kiingereza, na wanafunzi wangu pia. Tulipoanza mazoezi walikuja na mistari ya Kiingereza waliyoikariri, wakaisema kama watu wanaokabidhi mizigo. Tukahamia Kiswahili na mambo mawili yakatokea. Kwanza, mzaha wa darasani ulichoma. "Hiyo ni fizikia ya Mpemba" inamwuma mtu kwa Kiswahili kwa namna ambayo kila aliyewahi kuchekwa darasani anaijua. Pili, walianza kuulizana maana. Neno jotoridi, yaani kiwango cha joto, walikuwa wamelisikia lakini hawajawahi kulitumia kwenye sentensi yao. Mmoja akauliza kama maji ya nyuzi sifuri ambayo hayajaganda yana joto au hayana, na mazoezi ya siku ile yakaishia hapo kwa sababu kila mtu alikuwa na jibu lake.

Sasa ukweli. Historia ina mapengo, na jukwaa halivumilii pengo: mwigizaji lazima atembee, ashike kitu, aseme neno. Nani anampa neno hilo? Ebrahim Hussein alipoitunga Kinjeketile mwaka 1969, kuhusu vita vya Maji Maji, alieleza mwanzoni mwa kitabu kwamba Kinjeketile wake ni kiumbe wa fikra zake, asichukuliwe kuwa picha kamili ya mtu wa historia. Naona huo ndio uungwana unaotupasa. Bertolt Brecht, mtunzi wa tamthilia wa Ujerumani, naye alimwandika Galileo kwanza mwaka 1938, kisha mabomu ya atomiki yalipoanguka Japani mwaka 1945 akamwandika upya kwa ukali zaidi. Galileo wa kweli hakubadilika kati ya miaka hiyo. Aliyebadilika ni ulimwengu wa mtunzi. Kwa hiyo mtazamaji ana haki ya kujua ni lipi limetoka kwenye kumbukumbu na lipi limetoka kwa mtunzi, na njia yetu ni nyepesi: msimulizi akisema jambo lililoandikwa anasimama kulia, akisema tulilolitunga anavuka kwenda kushoto. Watoto wa darasa la tano wameielewa bila kufafanuliwa.

Ndipo linapokuja suala la fundi wa maabara. Wanafunzi walitaka kumpa jina, na mmoja alikuwa tayari ameshamtungia mke na nyumba. Nilikataa. Yeye ndiye aliyeshika bika, ndiye aliyeona kwanza, na makala ikamwita fundi tu. Tukimpa jina la kubuni tutaifunika ile hali ya kukosa jina, na hali hiyo ni sehemu ya historia yenyewe. Kwa hiyo jukwaani kila mtu anaitwa kwa jina isipokuwa yeye, na ikifika zamu yake anayemwita anasita. Hadhira inasikia ule usitaji.

Watu wa namna yake ni wengi kuliko tunavyodhani. Robert Koch, mtafiti mkubwa wa Ujerumani, alikuwa hapa Dar es Salaam kati ya mwaka 1897 na 1898 akichunguza malaria, miaka ileile hospitali ya Ocean Road ilipoanza na Ronald Ross alipokuwa India akipata vijidudu vya ugonjwa huo ndani ya mbu. Koch aliandika kwamba alipowauliza Washambaa wa milimani Usambara, walimwambia kwamba wakishuka tambarare wanapata ugonjwa uitwao mbu, na wakaeleza kuwa huko kuna wadudu waitwao mbu, nao wakikuuma unaugua. Neno moja, kwa mdudu na kwa homa. Sidai kwamba Washambaa walikuwa na nadharia ya vijidudu. Ninachosema ni kwamba tukio hilo likiwekwa jukwaani, daktari ana hadubini na Mshambaa ana neno, na mtazamaji wa Dar anayelala ndani ya chandarua anajua jambo ambalo mmoja wao analijua nusu na mwingine nusu. Hiyo ni tamthilia tayari. Ingechezwa barabarani mbele ya jengo la zamani la Ocean Road, upepo wa bahari ukivuma.

Mahali pa kuchezea tunapo. Konda wa daladala anaita "Makumbusho, Makumbusho" mara mia kwa siku, na nina hakika nusu ya wanaoshuka hawajawahi kuingia Kijiji cha Makumbusho kilichokipa kituo jina lake, penye nyumba za jadi za makabila mbalimbali na uwanja wa ngoma. Pale ndipo majigambo ya mhunzi yangesikika vizuri, ukuta wa udongo nyuma yake. Makumbusho ya Taifa, Mtaa wa Shaaban Robert, wanalo fuvu la Zinjanthropus, kiumbe wa kale wa jamii ya binadamu, ambalo mwanaakiolojia Mary Leakey aliliona Olduvai tarehe 17 Julai 1959, siku ambayo mumewe Louis alibaki kambini na homa. Wageni hupita mbele ya kioo kwa dakika moja. Mimi ningemweka mwanamke mmoja akitembea polepole kwenye jua, macho chini, kwa muda mrefu kuliko hadhira inavyostarehe, kabla hajainama.

Onesho letu tulilicheza shuleni, chini ya mwarobaini, mwezi uliofuata. Tulilikata suala la kikombe hivi: vikombe viwili viliwekwa kwenye friza la kantini kabla wageni hawajaanza hotuba, mbele ya macho ya wote, na tukafanya mazoezi ya miisho mitatu. Wa moto akishinda. Wa baridi akishinda. Wasipoonekana kupishana. Waigizaji hawakujua watacheza upi mpaka mlango wa friza ufunguliwe. Umeme ulikatika mara moja katikati, ukarudi, na wale watoto hawakuyumba.

Vilipoletwa, vyote viwili vilikuwa na barafu juu. Binti aliyekuwa Mpemba alivishika, kimoja mkono huu kingine ule, akawaambia watazamaji waje waguse wenyewe. Mstari ulivunjika, wakajazana. Wakabishana ipi ni kuganda na ipi ni utando tu, na walimu wakaingia kwenye ubishi. Kijana mmoja mdogo wa kidato cha kwanza akapenya, akainua kikombe kilichotiwa maji ya moto na kukichungulia kwa chini, kisha akainua kile kingine. Akauliza mbona hiki kitako chake kina ganda laini la barafu kama kioo, na kile kina ungaunga mweupe.